Bundi juu ya paa: dalili, alama, ishara au taashira?

SWALI: Katika insha ya uhakiki niliandika hivi: "Bundi aliyetua juu ya paa usiku ule mzee alipofariki ni taashira ya kifo." Mwalimu alilikata neno taashira kwa wino mwekundu, akaandika juu yake ishara. Mwenzangu aliandika alama, naye akakatwa. Wa tatu aliandika "bundi anasimamia kifo", akawekewa alama ya kuuliza pembeni. Nimetazama kamusi mbili, nazo zinanizungusha tu: ishara ni alama, alama ni ishara, dalili ni ishara. Je, maneno haya yana tofauti ya kweli, au tunasumbuana bure?

JIBU: Tofauti ipo, na kamusi zako hazijakosa sana. Katika mazungumzo ya kawaida maneno haya huazimana nafasi. Mtu akisema "hakutoa ishara yoyote kwamba amekasirika", mwingine akasema "hakutoa dalili yoyote", hakuna atakayegombana naye. Hata lugha ya viziwi ina majina mawili, lugha ya alama kwa Watanzania na lugha ya ishara kwa Wakenya, na wote wanasema kitu kimoja. Tabu huanza mtu anapoingia katika uhakiki. Huko swali lenyewe ni hili: kitu hiki kimefungamanaje na maana yake? Neno utakalolichagua tayari ni nusu ya jibu.

Dalili ndiyo nyepesi kuliko zote. Dalili ya mvua ni mawingu, wasema wahenga, na mawingu hayakukaa kikao na mtu yeyote ili yakubaliwe kuwa na maana hiyo. Mvua hutoka humo humo. Ndivyo ulivyo moshi kwa moto, homa kwa maradhi, unyayo kwa aliyepita. Mwanafalsafa wa Marekani Charles Sanders Peirce (1839–1914), aliyehangaika miaka mingi kuainisha mambo haya, aliitengea aina hii fungu lake: kitu kinachotuonyesha kingine kwa sababu kweli kimegusana nacho. Ukiandika "bundi ni dalili ya kifo", basi, umedai kwamba ndege na mauti wameunganishwa na maumbile, kama moshi na moto. Mhusika wa hadithi ana ruhusa ya kuamini hivyo na kutetemeka. Wewe mhakiki huna.

Hapa niruhusu nichepuke kidogo. Kiswahili kilikuwa na neno lake kwa tukio linalobashiri heri au shari, nalo ni ndege. Kamusi za zamani zinataja ndege njema na ndege mbaya, hata pale ambapo hakuna bawa wala unyoya. Sikia upatanisho wake: njema, si mwema, maana hapo ndege si kiumbe tena. Siku hizi nalisikia kwa nadra, nami nalionea uchungu, kwa kuwa lingekufaa sana katika insha yako: kwa watu wa ndani ya hadithi, bundi yule alikuwa ndege mbaya kwa maana zote mbili.

Alama ni habari nyingine. Alama huwekwa, hutiwa, hupigwa. Vitenzi vyenyewe vinakwambia kuna mtu aliyeiweka. Alama za uandishi, alama za hesabu, alama za barabarani: zote zinafanya kazi kwa sababu watu wamepatana, na wangeweza kupatana vinginevyo. Kwa hiyo alama njema ina maana moja, na kuielewa ni kuijua tu. Anayetaka kueleza jinsi taa nyekundu inavyomgusa kuhusu upweke wa binadamu, tutamsikiliza kwa furaha akishatoka barabarani. Mwenzako aliyeandika alama alimfanya bundi kuwa kama mkato au nukta, ndiyo maana alikatwa.

Ndugu ya alama ni nembo, yaani alama iliyokabidhiwa kundi au taasisi. Msalaba mwekundu ulikubaliwa Geneva mwaka 1864 ili kuwalinda wanaohudumia majeruhi vitani. Ni bendera ya Uswisi iliyogeuzwa rangi. Nembo huwakilisha, na ukilipasua neno hilo utamkuta wakili ndani yake. Wakili huteuliwa, na ana hati. Nembo nayo ina mwenyewe, na ukiitumia bila idhini unaweza kushtakiwa.

Sasa ishara. Kabla haijaingia katika fasihi, ishara ilikuwa, na bado ni, jambo la mwili: kuinua kidole, kutikisa kichwa, kukonyeza. Anayekukonyeza hajasema kitu, ila amekufanya utazame upande fulani na ukisie mwenyewe. Ndivyo kitu kinavyofanya kazi katika hadithi au mchoro. Kinabaki kuwa kilivyo, bundi ni bundi mwenye manyoya na macho makubwa, lakini kinakugeuza shingo.

Je, kitu chochote kinaweza kugeuzwa ishara ya chochote? Hapana, na aliyelieleza hili vizuri ni Ferdinand de Saussure, Mswisi ambaye mihadhara yake ilichapishwa mwaka 1916, miaka mitatu baada ya kufa kwake. Alisema neno la lugha halina uhusiano wa lazima na kitu kinachotajwa; kinyume chake, ishara ya haki ni mizani, na huwezi kuweka gari la farasi mahali pake hivi hivi. Mizani ina mikono miwili na inasawazisha. Kuna chembe ya haki ndani yake kabla ya msanii kuigusa. Ishara, kwa hiyo, imekaa katikati ya dalili na alama: ina sababu kidogo kama ile ya moshi, ina mapatano kidogo kama yale ya nukta, na haikamiliki kwa moja peke yake.

Bundi ni mfano mzuri, kwa kuwa amefanya kazi zote hizi na malipo yake hayakuwa sawa. Katika Athens ya kale alikuwa ndege wa mungu wa kike Athena, mwenye hekima, na picha yake ilipigwa kwenye sarafu za mji ule. Kwenye sarafu, bundi ni nembo: anakwambia fedha hii ni ya nani. Katika Macbeth, tamthilia ya Mwingereza Shakespeare, usiku mfalme Duncan anapouawa, Lady Macbeth, mke wa muuaji, anamsikia bundi akilia na kumwita mpiga kengele wa mauti. Mwaka 1799 Mhispania Francisco Goya alichapa mchoro wa mtu aliyelala kifudifudi juu ya meza yake, na nyuma yake bundi na popo wanamvamia, pamoja na maneno yasemayo kwamba akili ikilala huzaa majinamizi. Bundi wa hapo si hekima hata kidogo. Ni kile kinachoingia hekima ikitoka.

Lakini bundi ninayemhusudu zaidi yumo katika Al-Inkishafi, utenzi wa Sayyid Abdalla bin Ali bin Nasir juu ya fahari iliyokwisha ya Pate, mji wa kale katika pwani ya Kenya. Mshairi anatutembeza ndani ya majumba: madaka, yaani vishubaka vya ukutani, yaliyopangwa vyombo sasa yamelaliwa na makinda ya ndege, na bundi anakoroma ndani ya nyumba. Tazama ufundi wake. Bundi ndani ya nyumba ni dalili halisi: ndege wa namna hiyo hatulii palipo na taa na watoto, basi nyumba haina watu. Papo hapo ni ishara, kwa kuwa mshairi anauonya moyo wake kuhusu dunia nzima, wala si chumba kimoja tu. Ndege mmoja anabeba mizigo miwili, na hakuna mzigo unaouangusha mwenzake. Nikisoma uhakiki unaosema "bundi hapa ni ishara ya kifo", halafu mwandishi akahamia aya nyingine, huona kama mtu aliyealikwa karamuni akanawa mikono na kuondoka.

Turudi kwa mwalimu wako na taashira. Neno hili linatumiwa kwa njia mbili katika vitabu vya uhakiki. Wapo wanaolitumia kama jina jingine la ishara. Kwao sentensi yako haina doa. Wengine, nami nimo kundi hilo, wanaliweka kwa tamathali ambamo kitu kinatajwa kwa jina la jirani yake: taji kwa maana ya ufalme, kalamu kwa maana ya uandishi, jembe kwa maana ya mkulima. Hapo uhusiano ni wa kukaa pamoja, kwa kuwa mfalme huvaa taji na mkulima hushika jembe. Bundi na kifo hawana ujirani huo. Hakuna anayesema "bundi alimchukua mzee" akieleweka kuwa ametaja kifo kwa jina la mwenza wake. Kwa hiyo namuunga mkono mwalimu, ila angekueleza sababu badala ya kukukata tu, maana huenda kitabu chako kinafuata njia ya kwanza.

Jazanda na sitiari (wengine huandika istiara), yaani kukiita kitu kwa jina la kingine kinachofanana nacho, sizitaji ila kwa haraka. Hizo ni kazi ya maneno. Nikisema "jirani yangu ni bundi", hakuna bundi. Ondoa tamathali na sentensi inabaki bila kitu. Ishara haihitaji hata neno moja, inaweza kuwa mchoro au kitu kilichoachwa jukwaani. Mpaka huu Chinua Achebe aliuvuka mbele ya macho yetu katika riwaya yake ya mwaka 1958, ile tunayoisoma kwa Kiswahili kama Shujaa Okonkwo. Kwanza wanakuja nzige wa kweli, na watu wa Umuofia, kijiji cha riwaya hiyo, wanafurahi, wanawakusanya, wanawala. Kurasa nyingi baadaye, msemaji wa mizimu wa kijiji kingine anasema kwamba wazungu wako njiani, na kwamba wao ni nzige. Sentensi ile ya pili ni sitiari. Ni yenyewe inayorudi nyuma na kuwageuza wale nzige wa kwanza kuwa ishara, baada ya kuliwa kwa furaha. Msomaji anajikuta ametafuna kitu asichokijua.

Jambo moja wanafunzi huliruka: ishara ni ya nani? Chukua Kinjeketile, tamthilia ya Ebrahim Hussein ya mwaka 1969 kuhusu vita vya Maji Maji vya 1905 hadi 1907. Kwa wapiganaji walio jukwaani, maji si ishara ya kitu. Ni dawa, nao wanategemea yageuze risasi. Kwa sisi tulioketi upande wa pili, maji yale ni ishara ya umoja wa makabila ambayo hayakuwa yakisikilizana. Kinjeketile mwenyewe, aliyewapa maji hayo, amebanwa katikati: anatambua kwamba neno lililozaliwa na mtu limekua hadi likamtawala aliyelizaa. Ukiandika "maji ni ishara ya umoja" bila kusema kwa nani, umeifuta tamthilia yenyewe, kwa kuwa msiba wake umo katika tofauti hiyo. Vivyo hivyo kwa bundi wako. Kwa wenye nyumba alikuwa dalili, au ndege mbaya. Kwa msomaji ni ishara. Sema unatazama kwa macho ya nani.

Sasa vitenzi. "Bundi anasimamia kifo" ni maneno yaliyohamishwa kutoka lugha nyingine pamoja na viatu vyake. Kwa Kiswahili, kusimamia ni kuangalia kazi iendeshwe ipasavyo. Kila nikiisoma sentensi hiyo namwona bundi ameshika daftari, akihesabu maiti. Kumaanisha kunafunga mlango mapema mno: neno humaanisha, bundi hapana. Kuwakilisha waachie nembo na wabunge. Kitenzi cha ishara ni kuashiria, na tahadhari zake ni mbili. Kwanza, kinabeba yambwa (jina la kinachotendwa) moja kwa moja, kwa hiyo ni "anaashiria kifo", si "anaashiria kwa kifo". Pili, tahajia: inaashiria, yenye a mbili, kwa kuwa ya kwanza ni ya wakati na ya pili ni ya mzizi. "Inashiria" inazagaa sana, hata katika maandishi ya watu waliosoma. Na kwa kuwa bundi ni mnyama, huchukua ngeli ya a-/wa-: bundi anaashiria. Nomino ishara yenyewe ni ya ngeli ya i-/zi-, ishara hii, ishara hizi, na haihitaji ma- ya wingi.

Sentensi yako ningeiandika hivi: "Kwa wenye nyumba, bundi aliyetua juu ya paa ni ndege mbaya; kwa msomaji anaashiria kifo, na pia ukimya ulioanza kuikalia nyumba ile hata kabla mzee hajafariki." Kipande cha mwisho nimekibuni, kwa kuwa hadithi mliyopewa sikuisoma. Wewe umeisoma, weka pale unachokiona.