Kondoo wa Kwenye Kioo

SWALI: Shikamoo Mwalimu. Mwanangu ana miaka 4, hajaanza shule. Anapenda kipindi kimoja cha watoto kwenye televisheni kinachofundisha vitu vigumu, vitu laini na vinavyokwaruza, na maneno yote ameshayashika. Juzi alitokea kondoo, mtangazaji akasema manyoya yake ni laini. Mtoto akainuka, akapapasa kioo, akanigeukia: "Kweli mama, laini!" Nilibaki nimeduwaa. Anajifunza au anapotea? – Mama wa Mafinga

JIBU: Marahaba, mama. Hajapotea hata kidogo. Katika miaka 19 niliyofundisha chekechea hapa Iringa, hicho ndicho nilichotamani kila mtoto afanye: asikie neno, kisha aende kulihakikisha kwa mkono wake. Kilichomponza ni kioo. Pale kondoo, gogo na mchanga vyote vinashikika sawasawa.

Tena neno lenyewe lina mtego. Pamba tunaiita laini, na kioo kilichofutwa vizuri nacho tunakiita laini. Ndiyo maana mimi huanza na vitendo: pamba inabonyea, kioo kinateleza, msasa unakwaruza, asali inanata. Mtoto akisikia "inabonyea", kidole kinamwasha.

Wewe uko Mafinga kwenye mbao, usihangaike kununua vifaa. Mwombe seremala kipande cha paina, upande mmoja kipigwe randa, wa pili kibaki kama kilivyotoka kwenye msumeno. Kagua vibanzi kwanza. Chukua na maranda kidogo, uweke vyote kwenye kikapu cha milulu pamoja na sweta kuukuu. Kipindi kikianza, kikapu kiwe mapajani pake. Mtangazaji akitaja, yeye atafute. Kikiisha, zima. Shirika la Afya Duniani lilishauri mwaka 2019 kwamba mtoto wa umri huo asizidi saa 1 kwa siku mbele ya skrini, na ikipungua ni heri.

Asubuhi ya Julai, kabla hujawasha moto, mshikishe mwiko mkono huu na sufuria mkono ule. Atakwambia sufuria ndiyo ya baridi. Vimelala jiko moja na ubaridi wao ni mmoja, ila sufuria hunyonya joto la kiganja upesi kuliko mti. Usimweleze yote hayo sasa. Mwache ashangae, arudie kushika.

Na jirani mwenye kondoo akipatikana, mpeleke. Aingize vidole kwenye manyoya mpaka aguse ngozi yenye joto. Kisha mwulize tena ikoje, uniandikie alivyojibu.