Mawe ya Mwanza, Mchanga wa Oldupai na Makorongo ya Kondoa

Ni nguvu gani iliyoyapandisha mawe makubwa ya Mwanza, likiwemo Jiwe la Bismarck, hadi yakabebana?

Hakuna iliyoyapandisha, yapo pale yalipozaliwa. Ni granaiti, mwamba mgumu uliotokana na mawe yaliyoyeyuka kisha yakapoa chini ya ardhi zaidi ya miaka bilioni 2 iliyopita. Tabaka za juu zilipoondolewa na kuupunguzia mwamba uzito, ulipasuka kwa nyufa zilizokatana, na maji ya mvua yenye tindikali hafifu yakapenya humo na kuanza kuyageuza baadhi ya madini yake kuwa udongo wa mfinyanzi. Pembe, kwa kuwa zilishambuliwa kutoka pande kadhaa kwa pamoja, zilioza upesi kuliko nyuso, ndiyo maana kilichobaki kizima kilikuwa cha mviringo. Mvua ilikuja baadaye kuukokota ule udongo laini na kuyaacha mawe yakiwa wazi. Naomba msomaji azitenganishe kazi hizi mbili, yaani mwamba kuoza mahali pake na mabaki yake kuchukuliwa, kwani wengi huziita zote mmomonyoko, ilhali ile ya kwanza yaweza kuendelea karne nyingi bila chembe hata moja kuhama.

Na nguzo za Isimila, karibu na Iringa?

Hapo ni maji yatiririkayo. Mashapo ya kale, yaani mchanga na udongo uliotulia tabaka juu ya tabaka, yalikatwa na mvua, na palipokuwa na tabaka gumu juu, sehemu ya chini yake ilikingwa ikabaki imesimama.

Je, ni kweli kwamba karibu na Bonde la Oldupai kuna kilima cha mchanga kinachotembea?

Ni kweli. Kilima hicho cheusi chenye umbo la mwezi mwandamo ni majivu ya volkano, ambayo kwa kawaida huhusishwa na Ol Doinyo Lengai. Upepo hupandisha chembe kwenye mteremko wa nyuma, nazo huporomoka upande wa mbele ulio mkali, hivyo kilima kizima husogea takriban mita 17 kwa mwaka.

Kwa nini makorongo ya Kondoa yalikuwa makubwa kiasi kile, wakati mvua ya huko si nyingi?

Swali hili ndilo ninaloliona zito kuliko yote. Penye mvua chache majani huwa haba, na ardhi iliyofyekwa na kulishwa mifugo kupita kiasi hupokea matone makali ya mwanzo wa masika ikiwa tupu. Matone huvunja udongo wa juu na kuziba vinyweleo vyake, maji yakashindwa kuzama, yakakusanyika katika vijito vidogo ambavyo, kila vinapoungana, huchimba chini zaidi. Serikali ilianzisha mradi wa Hifadhi Ardhi Dodoma (HADO) mwaka 1973, na mwaka 1979 mifugo ikaondolewa katika eneo lililoharibika zaidi. Hatua hiyo iliwaumiza wafugaji, na haifai kusimuliwa bila kulitaja hilo. Hata hivyo nyasi na miti vilirudi, na mmomonyoko ukapungua sana. Makorongo yenyewe hayakufukiwa. Kingo zake zilishikwa na mizizi.