Nusu marathoni 62:40 na mwaliko wa kwanza wa marathoni: aende au asubiri?

Mleta uzi ameeleza kwamba mdogo wake ana miaka 21, yuko kambini Arusha, amekimbia nusu marathoni (kilomita 21) kwa dakika 62 na sekunde 40 hukohuko Arusha, na sasa kuna wakala anayemtaka akakimbie marathoni kamili Asia mwezi wa pili. Tiketi na hoteli juu yao, malipo ya kualikwa hakuna. Anauliza kama aende. Chini kidogo akauliza tena: mbona wengi wanashinda mara moja halafu hatuwasikii?

Mkuu, kwa masharti hayo asiende. Na sababu ya kumzuia ndiyo hiyohiyo inayojibu swali lako la pili, kwa hiyo nitayajibu pamoja.

Tuanze na namba. 62:40 ni wastani wa dakika 2:58 kwa kilomita. Kadirio linalotumika kambini ni kuzidisha nusu marathoni mara mbili, kisha kwa anayeanza unaongeza dakika tano hadi saba. Hapo unapata saa 2:10 hadi 2:12. Arusha iko mita 1,400 hivi juu ya usawa wa bahari, kwa hiyo kwenye njia tambarare yenye ubaridi pengine atateremka chini ya hapo. Lakini akipelekwa mji wa joto na unyevu, faida yote ya mwinuko inaliwa na jasho. Atarudi na saa 2:13 au 2:14, miguu imeisha, na muda huo utakaa kwenye ukurasa wake wa World Athletics, shirikisho la riadha la dunia. Mwandaaji yeyote wa Ulaya akipokea jina lake, pa kwanza kuangalia ni hapo. Nusu marathoni 62:40 ya kijana wa miaka 21 inamfanya mtu aulize, "huyu ni nani?" Ukiweka na marathoni ya 2:14 pembeni yake, swali limeshajibiwa vibaya.

Watu wengi hawalioni hili: mkimbiaji wa marathoni hana mbio nyingi za kutumia. Mwili unatoa marathoni mbili za maana kwa mwaka, mara chache tatu. Wiki 12 hadi 14 za maandalizi, mbio yenyewe, halafu wiki mbili tatu za kupumzika kabla ya kuanza kujenga upya. Akidumu miaka kumi ana mbio kama ishirini tu za kuuza maisha yake yote. Mtazame Eliud Kipchoge. Alianza Hamburg Aprili 2013 kwa 2:05:30, na hadi anavunja rekodi ya dunia Berlin 2018 kwa 2:01:39 alikuwa amekimbia marathoni 11 tu rasmi, ukiacha lile jaribio la Monza la 2017 la kukimbia chini ya saa mbili. Kati ya hizo 11 alishindwa moja, Berlin 2013, Wilson Kipsang alipoweka rekodi. Na kabla ya Hamburg alikuwa na miaka kumi ya uwanjani: bingwa wa dunia wa mita 5,000 Paris 2003, shaba ya Olimpiki Athens 2004, fedha Beijing 2008. Aliingia barabarani baada ya kukosa nafasi ya timu ya Olimpiki ya 2012.

Wale wanaopotea utawakuta na hesabu tofauti. Anashinda moja kwa 2:09, wakala anampeleka nyingine baada ya wiki tisa kwa sababu soko limechangamka, ya tatu anaingia na kano ya kisigino inayouma, ya nne anaachia kilomita 32. Mwaka mmoja umekula akiba ya miaka miwili. Wakala hajapoteza kitu, maana ana vijana wengine kumi.

Najua kuna atakayenitajia Kelvin Kiptum. Ni kweli, hakupita uwanjani, na marathoni yake ya kwanza, Valencia Desemba 2022, alikimbia 2:01:53. London 2023 akafanya 2:01:25, na Chicago Oktoba mwaka huohuo 2:00:35, rekodi ya dunia. Februari 2024 tukampoteza kwa ajali ya gari pamoja na kocha wake Mnyarwanda, Gervais Hakizimana. Ila angalia vizuri: hata yeye alisubiri. Alikuwa anakimbia nusu marathoni Ulaya miaka kadhaa kabla ya kugusa kilomita 42, na alipoamua akaichagua Valencia, njia tambarare, hali ya baridi, na sungura wa kutosha, yaani wakimbiaji wanaolipwa kuongoza mwendo halafu wakatoka njiani.

Kwa hiyo dogo afanye nini? Kwanza, nusu marathoni mbili au tatu zaidi, moja iwe Ulaya, lengo liwe kushuka chini ya dakika 61. Pili, na hapa ningesisitiza kuliko pengine popote, atafute kazi ya usungura. Watu wanaidharau, lakini ndiyo shule inayomlipa mwanafunzi. Mwandaaji anakwambia: kundi la pili, dakika 3:00 kwa kilomita hadi kilomita 30. Maana yake kila kilomita tano ni 15:00, na 30 unazifikisha kwa saa 1:30:00 kamili. Ukikamilisha unalipwa, unaingia kwenye gari, na hujaichoma marathoni hata moja kwenye akiba yako.

Kosa la sungura mgeni ni kilomita ya kwanza. Mshindo wa bunduki na kelele za watu, anaipita kwa 2:48, anashtuka, ya tano anaikimbia kwa 3:10. Ukipiga wastani, yuko sawa. Lakini kundi nyuma yake limevutwa na kuachiwa kama mpira wa manati, na hao walioko nyuma ndio wateja. Sungura wa 14:40 kisha 15:20 hapigiwi simu tena. Anayepiga 15:00, 15:01, 14:59 mameneja wote wanalijua jina lake ndani ya msimu mmoja. Na wakati mwingine sungura anabaki njiani hadi mwisho: Simon Biwott aliingia Berlin 2000 kama sungura akashinda, na Sammy Korir alikuwa anamvuta Paul Tergat Berlin 2003, Tergat akaweka rekodi ya 2:04:55, Korir nyuma yake kwa sekunde moja tu.

Kitu kingine anachojifunza sungura ni chupa. Wakimbiaji walioalikwa wana meza kila kilomita tano, na chupa zinakabidhiwa siku moja kabla, kila moja na namba ya mkimbiaji na kilomita yake. Chupa ifungwe kishikio cha waya au utepe wa rangi kali, maana kwa mwendo wa 3:00 una kama nusu sekunde ya kuitambua na kuinyakua. Mezani ajue anatakiwa meza namba ngapi, si kutafuta jina. Ndani ya chupa kiwango cha kawaida ni gramu 60 hadi 90 za wanga kwa saa, na tumbo lazima lizoeshwe kwenye mazoezi marefu wiki nyingi kabla. Vijana wetu wengi wanakimbia kilomita 35 za mazoezi kwa maji matupu au bila kitu, halafu siku ya mbio wanapewa kinywaji kizito. Kilomita ya 28 tumbo linagoma. Mtu anarudi nyumbani anasema amerogwa.

Mazoezi yenyewe siyaelezi sana, kocha wake yupo. Ila kambi ya Kaptagat, Kenya, chini ya Patrick Sang, kocha wa Kipchoge, inajulikana: Jumanne uwanjani, Alhamisi masafa marefu, wiki hii kilomita 30, wiki ijayo 40, Jumamosi mbio za kubadilisha kasi, na kwa wiki wanazunguka kilomita 180 hadi 220. Siku zinazobaki wanakimbia polepole kiasi kwamba mgeni anaweza kuwafuata. Shida ya kambi zetu nyingi ni kwamba kila Alhamisi inageuka mashindano. Kuna kijana asiye na mkataba anayetaka kuonekana na meneja, anaongeza mwendo kilomita ya 25, wote wanamfuata. Wiki ya nane bingwa ameshakimbia marathoni yake bora, na aliyeishuhudia ni mbuzi wa pembeni mwa barabara.

Sasa hili la kudumu. Alphonce Simbu wetu alikuwa wa tano Olimpiki ya Rio 2016. Mwaka 2017 alishinda Mumbai Januari, akawa wa tano London Aprili, akachukua shaba ya dunia London Agosti. Marathoni tatu ndani ya miezi minane, kinyume kabisa na ninayoyahubiri hapa, na ukiniuliza, ilikuwa hatari. Lakini baada ya hapo hakuuzwa ovyo. Ni mwajiriwa wa JWTZ, kama alivyokuwa Juma Ikangaa, aliyeshinda New York 1989 kwa 2:08:01 na kuwa wa pili Boston miaka mitatu mfululizo, 1988 hadi 1990. Mwenye mshahara wa mwezi anaweza kukataa mwaliko mbaya. Septemba 2025 Tokyo, Simbu akiwa na miaka 33, alimpita Mjerumani Amanal Petros kwenye mstari, wote wakiandikiwa 2:09:48, tofauti sekunde 0.03. Dhahabu ya kwanza ya dunia kwa Tanzania.

Mbio za ubingwa hazina sungura, zina joto, na zinaamuliwa kilomita tano za mwisho. Stephen Kiprotich wa Uganda hakuwa mwenye muda mkali kundini Olimpiki ya London 2012, lakini alipochomoka karibu na kilomita ya 37, Abel Kirui na Wilson Kipsang walibaki wakimtazama. Kwa hiyo kasi ya mita 5,000 na 10,000 asiitupe hata akihamia barabarani.

Kwa kina dada mfano wangu ni Edna Kiplagat siku zote: fedha ya dunia ya vijana mita 3,000 mwaka 1996, ubingwa wa dunia wa marathoni 2011 na 2013, Boston 2017, na mwaka 2024 bado wa tatu Boston akiwa na miaka 44. Peres Jepchirchir alijifungua 2017 na akatwaa dhahabu ya Olimpiki 2021. Kwenye mkataba wa viatu, mwanamke asome kifungu cha uzazi kabla ya kifungu cha bonasi.

Mikataba, basi. Asilimia ya meneja iliyozoeleka ni 15. Akitaka zaidi, aandike inalipia nini. Iwe wazi nani analipia kambi, na kama tiketi ni mkopo utakaokatwa kwenye zawadi. Pasipoti ikae kwa mkimbiaji mwenyewe, na akaunti ya benki iwe kwa jina lake. Zawadi haiji siku ya mbio. Inasubiri majibu ya vipimo, na miezi mitatu ni jambo la kawaida. Na usihesabu namba ya kwenye bango: nafasi ya pili Boston ni dola 75,000, kodi ya Marekani kwa mgeni ni asilimia 30, yaani 22,500, meneja 11,250, inabaki 41,250 kabla ya kodi ya jimbo. Kijana aliyeweka rehani shamba akisubiri 75,000 ameshaumia.

Dawa nazo. Akianza kufanya vizuri ataingizwa kwenye orodha ya kupimwa ghafla, na kila siku atatakiwa kutaja saa moja ambayo lazima apatikane mahali alipopaandika. Akikosa kipimo au asipojaza taarifa zake, jumla mara tatu ndani ya miezi 12, anafungiwa hata kama damu yake ni safi. Kipsang, aliyewahi kushikilia rekodi ya dunia, alifungiwa miaka minne mwaka 2020 kwa kukosa vipimo na kutoa ushahidi wa uongo. Dogo akitoka Arusha kwenda msibani Mbulu, abadilishe taarifa kwenye simu kabla ya kupanda basi. Na zile sindano za goti za duka la dawa aachane nazo: tangu 2022 sindano za kotikosteroidi (dawa za kupunguza uvimbe) zimepigwa marufuku kipindi cha mashindano, na aliyechomwa ndiye anayewajibika, si mchomaji.

Viatu vya mashindano soli isizidi milimita 40. Derara Hurisa wa Ethiopia alifika wa kwanza Vienna 2021, akanyang'anywa ushindi kwa sababu alivaa vya mazoezi vyenye soli ya milimita 50. Ukipewa viatu na rafiki kambini, pima.

Kwa wakala huyo, dogo ajibu kwa maandishi, si kwa simu: anashukuru, marathoni bado, ila yuko tayari kwa nusu marathoni au usungura wa 3:00 hadi kilomita 30 au 3:05 hadi 25, na angependa kuona nakala ya mkataba. Kisha aangalie kama jina la wakala limo kwenye orodha ya wawakilishi waliosajiliwa World Athletics, iko wazi mtandaoni. Wakala mwenye kazi kweli atajibu na tarehe na kiasi. Akijibu kwa kusema nafasi itapewa mwingine kesho, basi apewe huyo mwingine.