Chai ya saa kumi bila oveni

Dada, umeuliza utawaandaliaje wageni wanane hapo Mikindani chai ya saa kumi ya Kiingereza kwa vitu vya kwetu, na oveni huna. Mbona rahisi! Skonzi zioke kwenye sufuria, makaa mengi juu ya mfuniko, chini machache tu. Moto wa chini ukizidi zinaungua kitako huku katikati bado mbichi. Badala ya krimu, kamua tui la kwanza kwa maji kidogo sana, lilaze kwenye friji, asubuhi engua lile zito lililoganda juu. Lipake pamoja na jemu ya embe. Sandwichi za tango achana nazo, joto letu linazilowesha. Weka vitumbua na kashata za korosho. Mabibo usiyaweke kwenye kitambaa cheupe, doa lake halitoki. Chai iwe ya mchaichai, sukari pembeni.