Wakikuambia "mpumzishe nyumbani", omba barua

Niliitwa shuleni siku ya Jumanne. Binti yangu alikuwa kidato cha tatu, bweni. Mkuu wa shule hakunifokea hata kidogo, alizungumza kwa upole: "Mama, mtoto anaumwa. Mpumzishe nyumbani mpaka apone, ndipo umrudishe." Nikashukuru. Tukabeba tranka na godoro, tukapanda daladala kurudi Mabatini, hapa Mwanza.

Kosa langu lilianzia kwenye ile shukrani. "Mpaka apone" haina tarehe. Binti yangu alikuwa na sonona, ule ugonjwa wa akili wa huzuni nzito isiyoisha. Sonona si malaria, useme atameza dozi siku tatu aamke mzima. Inapanda na kushuka, na mtoto anaweza kuwa kwenye matibabu miaka mingi huku anasoma.

Miezi minne ikapita. Mimi natoka alfajiri kufuata dagaa soko la Mwaloni, yeye anabaki amekaa kwenye kizingiti cha mlango wa nyuma. Ndugu wakasema ni majini, tukavuka na kivuko cha Kamanga kwenda kwa mganga, hela ikaisha, hali ikabaki ileile. Siku moja nikafungua daftari lake la Baiolojia nikitafuta karatasi ya kufungia vitumbua. Kila ukurasa una tarehe juu, imepigiwa mstari kwa rula kama wanavyofanya darasani, na chini patupu. Alikuwa anaandika tarehe kila siku tangu tumtoe shule. Nililia palepale jikoni.

Ndipo nikampeleka hospitali ya Bugando, kliniki ya afya ya akili. Daktari aliuliza anasoma wapi. Nikamjibu ameacha. Akauliza tena: "Nani alimwachisha?" Sikuwa na jibu, kwa sababu hakuna aliyeandika popote kwamba amefukuzwa.

Kwa hiyo mzazi mwenzangu, wakikuambia umpumzishe, omba waandike: kwa sababu gani, kuanzia lini, mpaka lini. Mara nyingi ukiomba karatasi, mazungumzo yanabadilika palepale. Katiba yetu ya Tanzania, ibara ya 11, inatambua haki ya kila mtu kujielimisha. Sheria ya Mtoto ya mwaka 2009 inakataza kumbagua mtoto kwa ajili ya ulemavu au hali ya afya yake. Na kama mtoto alishakaa nyumbani muda mrefu, usikate tamaa: Waraka wa Elimu Na. 2 wa mwaka 2021 ulifungua mlango kwa wanafunzi waliokatiza masomo kwa sababu mbalimbali kurudi. Huhitaji kuzikariri sheria hizi. Zitaje tu kwa heshima ukiwa umekaa kwenye kiti cha ofisi.

Kitu kilichotusaidia kuliko vyote ni barua ya daktari, na hapa naomba unisikilize vizuri. Usiombe barua yenye jina la ugonjwa tu, maana jina hilo litazunguka ofisi ya walimu hadi bwaloni. Omba barua inayosema shule ifanye nini. Yetu ilikuwa na mistari michache: anaendelea na matibabu, anaweza kuhudhuria masomo, dawa ya usiku inamfanya mzito asubuhi, asiadhibiwe akisinzia vipindi vya kwanza, aruhusiwe siku za kliniki. Nilitoa nakala tatu. Moja ya mkuu wa shule, moja ya mwalimu wa malezi, moja nikabaki nayo. Ukikwama kwa mkuu wa shule, nenda kwa afisa elimu kata, kisha kwa afisa elimu sekondari wa halmashauri, na umwone pia afisa ustawi wa jamii. Nenda na karatasi zako zote kwenye bahasha moja.

Jambo moja halisubiri barua wala ofisi: mtoto akianza kusema anatamani kufa, mpeleke hospitali siku hiyohiyo, na usimwache peke yake.

Sisi tuliomba uhamisho wa kwenda shule ya kutwa. Kwangu mimi bweni ni gumu kwa mtoto anayekunywa dawa kila usiku mbele ya macho ya wenzake, ingawa najua wapo wanaoweza. Alirudia kidato cha tatu. Wiki ya kwanza nilimsindikiza mpaka getini, ya pili akaniambia niishie kwenye kituo cha daladala. Vipindi vya asubuhi bado anasinzia, na jirani yake wa dawati humwachia daftari anakili wakati wa mapumziko.