Shauri limeitwa, haupo

Karani hutoka mlangoni, akaita jina la mdai mara tatu kama mtu aliyechelewa chai. Kukiwa kimya anarudi ndani, upande wa pili unasimama kuomba shauri lifutwe kwa kutohudhuria, hakimu anaandika mistari mitatu. Basi. Mara ya kwanza yaliponikuta nilikuwa ghorofa ya chini natoa nakala za vielelezo vya shauri hilohilo.

Ninyi mnaoanza uwakili, yakiwafika haya msikimbilie kuandika maombi. Ombeni jalada, someni amri yenyewe. Kwenye sheria nyingi za madai zilizorithiwa kwa Waingereza, pande zote mbili zisipotokea, mdai anaweza kufungua shauri upya, mradi ukomo wa muda haujampita. Lakini mdaiwa akiwepo na mdai hayupo, mlango huo umefungwa. Kilichobaki ni kuomba amri itenguliwe, tena mbele ya mahakama ileile, siyo kukata rufaa. Nimeona watu wakipoteza miezi kwa kuchanganya hayo mawili.

Maombi yenyewe hubebwa na hati ya kiapo, yaani maelezo ya maandishi unayoapa kuwa ni kweli. Yangu ya kwanza niliijaza masikitiko na unyenyekevu, na hakimu akauliza swali moja tu: "Saa tatu na nusu ulikuwa wapi?" Haikuwa imeandikwa popote! Kiapo kinachosaidia kinasimulia asubuhi ile kwa saa: ulifika lini, ulimwona nani, ulirudi chumba cha mahakama saa ngapi ukaambiwa nini. Ukimtaja karani wa ofisini kwako, naye aape chake. Maneno yake kinywani mwako hayana uzito. Ulikuwa mahakama nyingine? Ambatisha orodha ya mashauri ya siku hiyo, na ujue kwamba udhuru huo mahakimu wameuchoka. Halafu hesabu siku. Ukikaa wiki tatu kabla ya kuwasilisha, utadaiwa maelezo ya wiki hizo tatu, na "nilikuwa najiandaa" si maelezo.

Shauri letu lilirudishwa, kwa sharti la kulipa gharama za siku ile. Nililipa mimi. Mteja hakuwa na kosa lolote.

Siku hizi mteja wangu huketi ndani ya chumba tangu mapema, hata siku ya kutajwa tu, isiyo ya kusikilizwa, na nimemfundisha sentensi moja: "Mheshimiwa, mimi ndiye mdai, wakili wangu yupo jengoni." Ameshaitumia mara mbili.