Thespis, mjibuji wa kwanza

Wiki hii maswali yote yanamhusu mtu mmoja: Thespis, Mgiriki anayetajwa kuwa mwigizaji wa kwanza, na mtunzi wa michezo yake mwenyewe.

Alifanya nini hasa hadi akumbukwe?

Alijibu. Kabla yake, kwenye sherehe za mungu Dionysos, kundi zima liliimba kisa kwa pamoja. Thespis, mwenyeji wa Ikaria, kijiji cha pembeni mwa Athens, akajitenga na kundi, akajifanya mtu mwingine, akasemezana nalo. Chukua ngoma yoyote uijuayo: mwimbishaji anasimulia kwamba mfalme kakasirika, wenzake wanapokea. Sasa mwimbishaji huyo ageuke ghafla aseme, "Mfalme ni mimi, na nimekasirika!" Hapo ndipo mchezo ulipozaliwa. Wagiriki walimwita mwigizaji *hypokrites*, na wengi hulifasiri neno hilo kuwa "mwenye kujibu". Ndilo hilohilo lililomo kwenye Injili ya Kigiriki, pale Biblia yetu inaposema "wanafiki".

Eti zawadi yake ilikuwa mbuzi?

Ndivyo lisemavyo jiwe la kumbukumbu la kisiwa cha Paros, lililochongwa karne ya 3 KK. Ushindi wenyewe, huko Athens, huwekwa kwenye mwaka 534 KK au karibu na hapo. Neno *tragoidia* nalo maana yake ni wimbo wa mbuzi.

Mtu mmoja aliwezaje kuwa watu wote?

Kwa kubadili uso. Suda, kamusi ya Bizanti ya karne ya 10, inasema alianza kwa kujipaka unga mweupe wa madini ya risasi (ni sumu, msijaribu nyumbani), baadaye akatengeneza vinyago vya kitani. Anaingia mfalme, anatoka, anarudi mjumbe. Mwigizaji wa pili aliongezwa na Aeschylus, wa tatu na Sophocles, watunzi wa tamthilia waliomfuata.

Naweza kuisoma wapi michezo yake?

Huwezi. Mistari inayobeba jina lake haiaminiki. Hata zamani Heraclides wa Ponto, mwanafunzi wa Plato, alishutumiwa kwa kutunga tamthilia zake na kuzibandika jina la Thespis.

Hakuna aliyemkemea?

Yuko Solon, mtunga sheria wa Athens. Plutarch, mwandishi wa Kigiriki, anasimulia kwamba mzee huyo alikwenda kumtazama, na mchezo ulipokwisha akamuuliza kama haoni haya kusema uongo mkubwa kiasi kile mbele ya kadamnasi. Thespis akamjibu kuwa huo ni mchezo tu, hauna ubaya. Naona chumvi imetiwa hapa, maana Plutarch aliandika zaidi ya miaka 600 baadaye. Lakini kisa kitamu. Solon akapiga fimbo chini kwa nguvu: tukiusifu mchezo wa namna hii, akasema, si muda tutaukuta kwenye mikataba yetu.